Ninenepe kwanza ndipo niwe kama Wagner Moura?

"Shikamoo mwalimu. Mimi ni kijana wa miaka 24, naigiza na kikundi kimoja hapa Morogoro. Kwa sababu ya sura na mwili wangu, kila filamu napewa jambazi au baunsa. Nilipomwona Wagner Moura akiwa Pablo Escobar, yule mfalme wa dawa za kulevya wa Kolombia, kwenye tamthilia ya Narcos niliamini kabisa ni Mkolombia. Rafiki yangu akaniambia ni Mbrazili, tena alipopewa kazi ile Kihispania alikuwa hakijui. Baadaye nikamwona kwenye filamu ya Civil War akiwa mwandishi wa habari, mwepesi, mcheshi, nusura nisimtambue. Nimesoma kwamba aliongeza kilo 20. Sasa na mimi nimepata nafasi yangu ya kwanza isiyo ya ujambazi: mzee tajiri mwenye maghala ya mahindi, na tunaanza kushuti baada ya wiki tisa. Nimeacha mazoezi, nakula mara tano kwa siku na chipsi mayai usiku, na nimeshaongeza kilo 7 katika wiki tatu. Kichwa kinaniuma asubuhi. Je, niko kwenye njia sahihi? Na ule uwezo wa kubadilika, mtu anazaliwa nao au anaupata wapi?"

Marahaba, mwanangu. Kabla ya Wagner Moura, tuanze na kichwa chako. Kilo 7 kwa wiki tatu ni nyingi, na kichwa kinachouma kila asubuhi kwa mtu aliyenenepa ghafla si cha kumezea panadol ukaendelea na ratiba. Nenda zahanati au kituo cha afya wiki hii hii, wakupime presha na sukari, na uwaambie ukweli wote: unakula nini, mara ngapi, na kwa nini. Mpaka upate majibu, hizo chipsi za usiku ziache. Mimi ni mwalimu wa uigizaji, si daktari, kwa hiyo hapo sizungushi maneno.

Swali lako nimelisoma mara mbili, na naona hofu yako hasa si tumbo. Unaogopa kwamba ukivaa kanzu ya yule mzee, watazamaji watamwona baunsa yule yule, safari hii amevaa kanzu. Ni hofu ya haki. Na Moura ni mtu mzuri wa kujifunzia, ila umeanza kumsoma kutokea mwisho.

Ni kweli alinenepa. Kwa ajili ya Escobar aliongeza karibu kilo 20. Lakini Narcos ilipoanza kuonyeshwa Agosti 2015, mtu huyu alikuwa na miaka 39, na nyuma yake kulikuwa na miaka kumi na tano ya kuwa watu mbalimbali bila kuhamisha hata tundu la mkanda. Hiyo miaka kumi na tano ndiyo nataka uitazame.

Alizaliwa Salvador, jimbo la Bahia, Juni 1976, akakulia Rodelas, mji mdogo wa ndani kando ya mto São Francisco, baba yake akiwa askari wa jeshi la anga. Mwishoni mwa miaka ya 1980 Rodelas ya zamani ilimezwa na maji ya bwawa la umeme la Itaparica na watu wakahamishiwa mji mpya. Sitaki kukuambia kwamba mtu anakuwa mwigizaji kwa sababu mji wa utoto wake ulizama. Waliohamishwa walikuwa maelfu, na wengi wao waliendelea na kilimo. Nakutajia tu ujue anatoka wapi. Ni Kaskazini-mashariki ya Brazili, sehemu yenye lafudhi yake, lafudhi ambayo Rio na São Paulo kwa miaka mingi wameizoea midomoni mwa watumishi na wachekeshaji wa kwenye tamthilia. Kwa hiyo usidhani ni wewe peke yako uliyewahi kupangiwa uhusika kabla hujafungua mdomo.

Chuo kikuu hakusomea uigizaji. Alisomea uandishi wa habari katika Chuo Kikuu cha Shirikisho cha Bahia, huku jioni akiwa jukwaani na vijana wenzake wa Salvador. Mwaka 2000 mchezo wa A Máquina wa João Falcão ukawatoa yeye, Lázaro Ramos na Vladimir Brichta, wote watatu baadaye wakawa majina makubwa. Ukiniuliza mimi, ule uandishi wa habari ulimfaa kuliko shule nyingi za sanaa. Mwandishi hufundishwa kwenda mahali, kukaa kimya, kutazama, kisha kuuliza. Wanafunzi wangu wengi wanaruka hayo yote manne na kwenda moja kwa moja kwenye kioo.

Sasa chukua mwaka 2003. Ukipata nafasi zitafute filamu tatu za mwaka huo uzitazame zikifuatana. Katika Deus é Brasileiro, yaani Mungu ni Mbrazili, ya Carlos Diegues, yeye ni Taoca, mvuvi mwenye madeni anayekutana na Mungu aliyeshuka duniani kutafuta mtakatifu wa kumshikia kazi ili aende likizo. Taoca ni maneno mengi, mikono haitulii, kila sentensi anamuuzia mtu kitu. Katika Carandiru ya Hector Babenco, habari za gereza kubwa la São Paulo, ni Zico, mfungwa aliyeliwa na kraki, dawa ya kulevya, hadi anamwua mtu aliyekuwa kama ndugu yake. Katika O Caminho das Nuvens ni Romão, dereva wa lori asiye na kazi, anayeamua kwenda Rio kwa baiskeli na mkewe na watoto watano, zaidi ya kilomita 3,000, kwa sababu amejiwekea kwamba hapokei kazi ya chini ya reali 1,000, fedha ya Brazili, kwa mwezi.

Mwili ni ule ule. Kilo ni zile zile. Mwaka mmoja. Na hakuna anayemchanganya Zico na Romão.

Kinachobadilika ni nini? Hapa ndipo dhana ya "kipaji cha kuzaliwa" inapowapotosha vijana, maana wakishaamini hivyo hawatafuti tena. Mtazamaji akimwona mtu kwenye skrini, sura huisoma baadaye. Kwanza husoma mwendo na pumzi. Mtu anayedaiwa hupumua juu juu na kutazama mlangoni. Mtu aliyejiapiza kutopokea chini ya reali 1,000 hana haraka; shingo yake inatangulia, miguu inafuata. Na chini ya vyote hivyo kuna jambo moja: huyu mtu anataka nini sasa hivi, na ni nini kinamzuia? Moura hutafuta kwanza hilo la kutaka, na mwili unalifuata. Ukibadilisha mwili bila kubadilisha anachokitaka, unapata baunsa mnene.

Mwaka 2007 anarudia tena, na safari hii Brazili nzima inatazama. Jioni, kwenye tamthilia ya Paraíso Tropical, ni Olavo, adui mwenye suti na tabasamu, anayetaka kampuni ya watu. Kwenye vichekesho vya Jorge Furtado, Saneamento Básico, ni mume wa kijijini anayeingia ndani ya vazi la dubwana kwa sababu wanakijiji wanataka mtaro wa maji machafu na fedha pekee zilizopo serikalini ni za kutengeneza filamu. Na kwenye Tropa de Elite ya José Padilha ni Kapteni Nascimento wa BOPE, kikosi maalumu cha polisi wa Rio.

Huyo Nascimento nataka tukae naye kidogo, kwa sababu yeye ndiye jambazi wako, ila ana beji. Waigizaji walipitishwa kwenye mafunzo makali na maofisa waliowahi kutumikia kikosi kile, na inasimuliwa kwamba mkufunzi mmoja alimchokoza Moura hadi Moura akampiga ngumi ya pua. Vijana wakisikia hadithi hiyo hudhani ngumi ndiyo somo. Mimi naona somo lipo nyumbani kwa Nascimento. Kule mitaani anafoka, anawapiga vibao wanafunzi wa kikosi, anawaambia waombe kutoka. Akirudi kwa mkewe mjamzito, pumzi inakata, mikono inatetemeka, anameza vidonge. Moura hakuigiza ukali. Aliigiza mtu anayezidiwa, na ukali ndicho kifuniko. Siku nyingine ukipewa jambazi, jaribu hivyo, uone kama mwongozaji hatakukumbuka kwa kitu kingine.

Kuna bahati pia, tusidanganyane. Katika mpango wa awali kiini cha filamu ile alikuwa ofisa mwingine, Matias. Ni kwenye uhariri ndipo Padilha alipoamua Nascimento awe msimulizi na filamu ikamgeukia. Halafu nakala za wizi zikavuja na kuuzwa mitaani kabla ya filamu kufika kwenye kumbi, kwa hiyo siku ya kwanza ya sinema nusu ya mji ilikuwa imeshaikariri. Februari 2008 ikachukua Dubu wa Dhahabu, tuzo kuu ya tamasha la filamu la Berlin. Sehemu ya pili, 2010, ilipita watazamaji milioni 11 na kuvunja rekodi ya sinema za Kibrazili iliyodumu tangu filamu ya Dona Flor ya 1976.

Na hapo ndipo mtego ulipo. Watu wengi walimpenda Nascimento kama steringi, wakati filamu ilikuwa inaonyesha mtu anayetesa watu kwa mifuko ya plastiki. Moura angeweza kula jina lile miaka ishirini. Mwaka 2008 akapanda jukwaani na Hamlet, mchezo wa Shakespeare, chini ya mwongozaji Aderbal Freire-Filho. Mwaka 2014, katika Praia do Futuro ya Karim Aïnouz, akawa mwokoaji wa ufukweni Fortaleza anayemwacha mdogo wake na kumfuata Berlin mwanamume anayempenda. Baadhi ya mashabiki wa kapteni hawakufurahi. Lakini usimfanye malaika: sehemu ya pili ya Tropa aliikubali, na aliikubali vizuri. Kukataa marudio si kukataa kila kitu kinachofanana. Ni kuuliza kama safari hii kuna jambo jipya ndani yake.

Sasa Narcos. Rafiki yako kasema kweli, Kihispania hakukijua. Alihamia Medellín, mji wa Escobar huko Kolombia, miezi kadhaa kabla ya kamera, akajiandikisha chuo kikuu cha pale kama mwanafunzi mgeni wa lugha, akawa anatembea mitaa ile ile aliyoitawala Escobar. Kireno na Kihispania ni ndugu, kama Kiswahili na Kingazija: unaelewa nusu ya kikao, na hiyo nusu ndiyo inakuponza, maana unadhani unajua. Wakolombia wengi waliisikia lafudhi na hawakuisamehe. Walisema wazi kwamba Escobar huyu hasemi kama mtu wa Antioquia, jimbo la kwao. Wana haki yao, na ukiwa mwenyeji wa pale nadhani inachoma masikio. Kwa hiyo hata yeye, kwa kazi yote ile, hakufika kila mahali. Na usisahau kilichompa nafasi: Padilha yule yule alikuwa mmoja wa watayarishaji wa Narcos na ndiye aliyeongoza vipande viwili vya kwanza. Kujuana kulikuwepo, ila kulitokana na kazi waliyoshafanya pamoja.

Tazama upya ile sini ya kipande cha kwanza, magari ya magendo yamesimamishwa na askari kwenye kizuizi. Escobar anashuka. Hapandishi sauti. Anaanza kuwataja askari mmoja mmoja kwa majina, na ndugu zao, kama mjomba anayesalimia arusini. Kisha anawapa chaguo: fedha au risasi. Sasa nikuulize, tumbo liko wapi katika sini hiyo? Lipo, chini ya shati, na linasaidia kumpa uzito wa mtu asiyekimbia. Lakini kinachowagandisha askari ni utulivu. Ungempa Moura kilo 20 na kumwambia afoke, sini ingekufa.

Uzito ule aliutoa baadaye kwa kula vyakula vya mimea tu. Alikuwa na miezi, mkataba mnono, na kazi ya misimu miwili mbele yake. Wewe una wiki tisa, huna bima, na filamu ikiisha utarudi kuitwa baunsa ukiwa huwezi kukimbia mita mia. Mizani hiyo hailingani.

Kama bado unaamini mwili ndio kila kitu, kuna kazi mbili nyingine. Ya kwanza ni yule mbwa mwitu wa katuni ya Puss in Boots ya 2022, Mauti mwenyewe aliyevaa joho, ambaye watoto wa wadogo zangu wanamwogopa mpaka leo. Ni Moura, kwa sauti tupu, kwa Kiingereza. Ya pili ni O Agente Secreto ya Kleber Mendonça Filho, Recife ya 1977 chini ya utawala wa kijeshi, iliyompa tuzo ya mwigizaji bora wa kiume kwenye tamasha la filamu la Cannes, Ufaransa, Mei 2025, Mbrazili wa kwanza kuipata. Ilikuwa imepita zaidi ya miaka kumi tangu awe mhusika mkuu wa filamu ya lugha ya Kireno, na alirudi kwa lafudhi ya kwao. (Kama hujaiona, ruka sentensi mbili zinazofuata.) Anaigiza mtaalamu anayejificha kwa jina la Marcelo, na mwishoni, miaka mingi baadaye, anaigiza pia mtoto wa mtu huyo, daktari wa benki ya damu asiyemkumbuka vizuri baba yake. Uso ni mmoja, lakini baba anasikiliza kila mlango unaofunguka, na mwana hajawahi kuogopa mlango maishani mwake.

Turudi kwa mzee wako wa maghala. Njia zipo tatu, nazo hazifanani gharama. Kunenepa kweli: kamera ya karibu hupenda shingo na mashavu halisi, hilo siwezi kulikana, lakini lifanyike kwa miezi, chini ya macho ya daktari, na kwa mtu anayelipwa kulifanya. Kwa hali yako nasema hapana. Ya pili ni maleba: fundi cherehani akushonee fulana yenye pamba iliyogawanywa kwa mishono, nzito chini kuliko juu, ivaliwe kwenye mazoezi yote, si siku ya kushuti tu. Nasisitiza kushona. Nikiwa na umri wako niliigiza sultani kwa kufunga mto kwa mkanda, na katika sini ya hukumu sultani akaanza kuzaa kupitia mguu wa kushoto. Ukumbi ulicheka mpaka pazia. Ya tatu haina gharama ila muda, nayo ni kubadilisha pumzi, kasi na anachokitaka. Ya pili na ya tatu zinakwenda pamoja.

Mazoezi yako rudi kwayo polepole, daktari akiruhusu. Mzee mnene huigizwa vizuri zaidi na mwili wenye nguvu, kwa sababu kukaa na kuinuka kizito mara arobaini kwa siku, kila sini ikirudiwa, si kazi ya mtu aliyechoka.

Mambo mawili hayafai kutatuliwa kwa barua. Moja nimeshalisema, la hospitali. Jingine ni uhusika unaogoma kukutoka. Ukiona baada ya kushuti hulali, unafoka nyumbani kwa sauti ya mtu uliyemwigiza, au unakunywa ili utoke kwenye uhusika, usisubiri mwongozaji agundue. Mweleze mtu unayemwamini na utafute mshauri wa ana kwa ana. Kwa ufundi wenyewe, mimi huku siwezi kuona unavyopumua. Bagamoyo, pale TaSUBa, yaani Taasisi ya Sanaa na Utamaduni Bagamoyo, wako walimu wanaoweza kukusimamisha sakafuni na kukurekebisha goti kwa dakika tano, jambo ambalo kurasa zangu kumi hazitaliweza. Kama ada ya kozi ni kubwa, nenda hata siku ya maonyesho, utazame, kisha uombe kuzungumza na mmoja wao.

Ila kabla ya Bagamoyo, kesho alfajiri nenda kwenye maghala ya mahindi hapo mjini. Usiende na simu mkononi. Salimia, omba kukaa karibu na mizani. Mtazame mwenye mali anapochoma bambo kwenye gunia, anavyozimwaga punje kiganjani, anamtazama nani wakati anazipuliza, na ni nani anayenyamaza yeye akiinua mkono. Kaa siku tatu. Ukirudi, niandikie mambo mawili: presha yako ilisoma ngapi, na yule mzee alipotafuna punje ya mahindi kuipima ukavu, alitema wapi.